Jeli Haigeuki Sabuni

Mwalimu wetu wa kemia hakutaja neno bila kutaja alama zake. Saponifikesheni ilikuwa ya alama mbili. "Ukiniambia ni mafuta yakichemshwa na alkali kali yanakuwa sabuni, nakupa moja," alisema. "Ya pili ni ya yule atakayeniambia mafuta gani, na kwa nini."

Jibu la alama ya pili lilikuwa esta. Mafuta ya kupikia, samli, shahamu ya ng'ombe, yote yana ndani yake kiungo kinachoitwa esta, na hicho ndicho alkali hukishika na kukivunja. Upande mmoja hutoka sabuni, upande wa pili gliserini. Pasipo esta hakuna cha kuvunjwa, na hata uchemshe wiki nzima sabuni haitoki.

Mimi nilikariri jibu la alama moja. Nilimaliza kidato cha nne na gredi isiyonipeleka popote, nikapata kazi ya kupakia mbao kwenye duka moja huko Langas, mtaa wa Eldoret. Lakini neno lenyewe nililihifadhi. Lilikuwa refu, na kila nilipolitamka mtaani watu walinyamaza kidogo.

Uchaguzi ulipoharibika, nyumba tuliyopanga na mama iliungua pamoja na marobota yake ya mitumba. Tulilala kituo cha polisi siku tatu, kisha tukahamishiwa uwanja wa maonyesho ya kilimo, kwenye mahema. Safu yetu ilikuwa na mahema tisa. Wengi tulikuwa watu wa magharibi, ambao wazazi wetu walikuja Eldoret kutafuta kazi wakatuzaa huko. Kwenye hema la tatu kutoka letu alikaa mama mmoja wa upande wa ziwa, mshonaji. Mume wake alitoka asubuhi ya kwanza ya fujo kutafuta maziwa ya mtoto na hakurudi. Alikuja kambini na mtoto mgongoni na kichwa cha cherehani mikononi, meza yake imebaki motoni. Hakulia mbele ya watu, na jambo hilo wanawake wa safu yetu hawakulipenda.

Kilichotumaliza ni kukosa sabuni. Kipande kimoja kilikatwa kwa uzi vipande tisa, na kila hema likatumia chake kwa wiki mbili. Watoto wakaanza kuhara. Safu ya nyuma yetu walimzika mmoja. Mama zao walikuwa wakiwasugua mikono kwa mchanga na maji, na mchanga wenyewe ulitoka palepale watoto walipojisaidia.

Ndipo likaja gari la wasamaria likiwa na katoni za jeli ya kukamulia, ile ambayo wafugaji wa kwetu huwapaka ng'ombe kwenye chuchu na sisi wengine hujipaka miguuni. Kila hema lilipewa mikebe mitatu.

"Wametuletea ya kung'aa," alisema jirani mmoja. "Ya kutakata wamesahau."

"Tung'ae tu na uchafu wetu," akajibu mwingine, na wakacheka, lile cheko la watu waliochoka.

Mimi sikucheka. Nilisema sabuni si kitu cha ajabu, ni mafuta na alkali, na mafuta ndiyo haya. Kisha nikalitoa neno lenyewe, lote.

"Sema tena," mama akaniambia.

"Saponifikesheni."

"Mmesikia?" Aligeuka kuwatazama wenzake mmoja mmoja. "Karo yangu haikuliwa na panya."

Alkali tulikuwa nayo. Wanawake wa magharibi hujua kuchuja maji kwenye majivu ya maganda ya maharagwe kupata munyu, ule wa kulainishia mboga ya mrenda. Niliwaambia tuuchemshe upungue mpaka kiazi kielee juu, hapo utakuwa mkali wa kutosha. Niliwaonya wasitumie sufuria, kwa sababu maji hayo hula alumini, tukapata debe la chuma. Hayo yote nilikuwa nayakumbuka vizuri. Kila hema lilitoa mikebe yake yote mitatu. Kuni ndizo zilikuwa taabu. Nje ya ua hapakuwa salama, na wanawake walienda kwa kikundi, wakirudi na vijiti walivyovikumbatia kama watoto. Kuni za kupikia uji siku hizo mbili ziliingia chini ya debe langu. Tulikunywa unga baridi uliokorogwa kwa maji.

Siku ya kwanza walikoroga kwa zamu tangu asubuhi. Jeli iliyeyuka, ikaelea juu ya munyu. Jioni tuliteremsha debe, na kulipopoa jeli ikaganda juu vilevile ilivyotoka mkebeni, tofauti ni kwamba sasa ilikuwa na majivu.

"Bado," nikasema. "Inataka moto zaidi."

Siku ya pili tukaanza upya. Saa sita mchana mshonaji alikuja akasimama pembeni. Mtoto wake alikuwa amehara usiku kucha na macho yalikuwa yamemwingia ndani. Akaomba zamu.

"Nipeni mti na mimi nisaidie. Nimekaa tu."

Walimpa. Alikoroga karibu saa nzima bila kubadilisha mkono, jasho likimdondoka kidevuni. Tulipoteremsha debe, jeli ikaganda juu na munyu ukabaki chini.

Kwetu kuna imani ambayo wanaotengeneza pombe ya busaa na samli wanaijua vizuri: kuna watu wenye mkono mbaya. Akishika mti wa kukorogea, kitu kinaharibika, na hana haja ya kukusudia. Mama yangu aliinama juu ya lile debe.

"Nani amekoroga mwisho?" akauliza.

Wote walimtazama mshonaji.

"Basi ni huo mkono," mama akasema. "Hata mume ulimfukuza."

Hapo hapo, nikiwa nimeinama juu ya debe, alama yangu ya pili ilinijia. Nilimwona mwalimu akiinua mkebe kama ule wetu mbele ya darasa. Jeli hii, alisema, inatoka kwenye mafuta ya petroli, ni jamaa ya mafuta ya taa na nta ya mshumaa. Jina la zamani la ukoo wao ni parafini, na kwa Kilatini maana yake ni wasio na undugu mwingi: hawashikani na asidi, hawashikani na alkali. Darasa zima lilicheka aliposema ni wavivu kama sisi. Jeli haina esta. Tungeweza kuchoma kuni za msitu wote wa Turbo na isigeuke sabuni, akiikoroga yeyote yule.

Nilikuwa na maneno kama kumi hivi ya kusema. Jeli si mafuta ya aina ile, kosa ni langu. Nilitazama wanawake wale waliokunywa unga baridi siku mbili kwa sababu yangu. Nilimtazama mama, ambaye moto ulimwachia kitu kimoja tu cha kujivunia. Nikafunga mdomo. Nilijiambia nitasema kesho wakipoa.

Kutoka hapo hakuna aliyempa mshonaji moto. Alipofika kwenye mfereji walisogeza ndoo zao. Mmoja aliita mtoto wake aliyekuwa akicheza na wa kwake. Watu hao walikuwa wametoka kukimbizwa na majirani kwa jambo ambalo hawakulifanya, na wiki zilikuwa hazijapita tano.

Siku ya tatu lilikuja lori la kupeleka watu Kisumu, naye akaandikisha jina. Nilimsaidia kupandisha kichwa cha cherehani.

"Asante, mwalimu," aliniambia. Kambini walikuwa wameanza kuniita hivyo. "Na pole kwa sabuni yenu. Sikujua."

Nilisema, "Safari njema, Mama."

Baada ya kambi kuvunjwa mama alirudi kwao magharibi, kwenye shamba la kaka yake ambaye hakumtaka, na mimi nikaanza kuzunguka. Nimeuza makaa Kitale, nimesukuma mkokoteni Busia, nimelinda ghala Nakuru. Kisumu nilifanya kazi miezi minane kwa mama mmoja aliyekuwa akichemsha sabuni ya vipande nyuma ya nyumba yake. Hakuwa amesoma, lakini kila pipa la shahamu lilipofika alichota kijiko, akakidondoshea maji ya kostiki soda, ile alkali ya dukani, akasubiri. "Yako mafuta ya watu na yako mafuta ya magari," alisema. "Ya magari hayanidanganyi." Nilikuwa nikikitazama kijiko kile kila wiki mpaka nikashindwa kulala, nikaacha kazi bila kuaga. Kila mji niliokaa nilitamani Eldoret, baridi yake ya asubuhi na harufu ya mahindi yakikauka, na kila nilipopanda gari kurudi nilishukia njiani.

Mama alifariki nikiwa Nakuru. Sikuwa nimemwambia.

Mwaka juzi nilirudi kwa sababu ya matanga. Aliyekuwa mwenyekiti wa safu yetu kambini alikuwa amefia Langas, na niliona aibu kutokwenda. Wanawake walikuwa kwenye mafiga, wakisonga ugali kwa miiko mirefu. Mmoja, mwenye mvi, alikuwa akibeba maji peke yake kutoka mferejini. Alitua ndoo mbali na moto, mwingine akaja kuichukua. Akarudi tena mferejini. Alifanya hivyo asubuhi nzima.

"Shosh, njoo ushike mwiko, hawa wasichana wamelegea!" mwanamke mmoja akamwita yule bibi.

"Wacha mimi na maji," akajibu. "Mkono wangu haupatani na sufuria ya watu."

Nilimjua kwa sauti. Niliuliza, nikaambiwa alirudi kutoka Kisumu zamani, anashona sare za shule, mtoto wake sasa ni kijana yuko Nairobi. Na kwamba hajawahi kupika kwenye shughuli ya mtu. Hata sherehe ya mtoto wake mwenyewe ya kumaliza shule alikata vitunguu akaondoka. Ndivyo alivyo, walisema. Kwao lilikuwa jambo la kawaida, kama mtu asiyekula samaki.

Jumamosi iliyofuata nilienda ploti anayokaa, ua mmoja wa vyumba vya kupanga, mchana, nikiwa na mkebe wa jeli, kilo mbili za shahamu kutoka kwa mchinjaji, kostiki soda na madebe mawili. Nilimkuta uani na cherehani. Alisimamisha gurudumu la cherehani.

"Mwalimu," akasema.

Nilimweleza nikiwa nimesimama. Nilieleza vibaya, nikarudia mara mbili habari ya esta. Hakunikaribisha kiti.

"Mimi maneno hayo siyajui," akasema mwishoni. "Chemsha nione."

Niliwasha majiko mawili. Maji ya kostiki niliyapima kutoka chombo kimoja, nusu huku nusu kule, akiwa anatazama. Majirani wa ploti walitoka mmoja mmoja kuona ni nini kinanuka. Debe la shahamu lilianza kuwa zito kama uji, mti ukaacha alama juu yake. La jeli lilibaki maji na mafuta. Alinyakua mti wa jeli mkononi mwangu, akakoroga kulia, akakoroga kushoto. Kisha akamwita msichana wa kazi wa jirani akoroge, na jirani mwenyewe, na mzee mmoja mlevi aliyekuwa akipita.

"Mzee, koroga."

"Mimi? Napika nini?"

"Koroga tu."

Mzee alikoroga huku akiimba. Jeli ikabaki jeli.

Akakaa kwenye ngazi. "Ulijua lini?"

"Siku ya pili, Mama. Pale pale ulipolaumiwa."

"Na mimi nikaondoka ya tatu."

"Ndiyo."

"Ukanibebea cherehani."

Niliitikia kwa kichwa.

"Mama yako alijua?"

"Alifariki bila kujua."

Aliinamisha kichwa. Nilifikiri analia, lakini alipokiinua macho yalikuwa makavu, kama kambini. "Kwa hivyo yule aliyenipa jina hili ameenda nalo. Waambie hawa. Waambie nani alisema, na nani alinyamaza."

Nimewahi kubeba magunia ya kilo tisini kupanda ngazi. Hayakunilemea kama yale maneno. Niliwaambia watu kama kumi na wawili wa ploti ile kwamba neno la kwanza lilitoka kwa mama yangu mzazi, kwamba nilikuwa na jibu mdomoni, na kwamba nililimeza ili niendelee kuitwa mwalimu. Mwanamke mmoja alitema mate chini. Mzee mlevi aliacha kuimba.

Yeye alisimama akaenda kwenye debe la shahamu. Alishika mti. Alikoroga kwa nguvu mno, sabuni ikamwagika ukingoni ikaanguka kwenye makaa, ikatoa moshi. Aliendelea mpaka ikawa nzito kabisa, tukaimimina kwenye boksi lililotandikwa nailoni.

"Inatumika lini?" akauliza, bila kunitazama.

"Inakaa mwezi. Ukiitumia kabla itakuunguza mikono."

"Basi utakuwepo mpaka mwezi uishe. Sitaki kuoga na kitu chako ukiwa umepotea tena."

Sijakaa mahali kwa hiari yangu tangu mwaka ule wa mahema. Jioni hiyo nilikodi chumba ploti ya pili kutoka kwake, nikanunua godoro.