Wimbo Uliosimamishwa Otonglo

Kampeni ilifika soko la Otonglo asubuhi: lori moja, spika sita. Nilizihesabu mara mbili. Muuza viatu vya mitumba kama mimi hana jicho lingine. Mgombea anaishi Milimani, ndani ya ukuta mrefu kuliko wa shule, lakini siku hiyo alivaa kofia ya mvuvi na ndala. Alipoinua mguu kucheza, kibandiko cha bei kilikuwa bado kwenye soli.

Mzee mmoja alimpigia nyatiti, kinubi chetu cha nyuzi nane, akimsifu. Kisha mgombea akashika maikrofoni.

"Soko hili ni la nani?"

"Letu!"

"Na nani anatajirika hapa? Wageni! Mila yetu inasema mwenye nyumba ale kwanza!"

Nyanya yangu alinifundisha kinyume chake. Mgeni ndiye huanza. Lakini nyanya hakuwa na spika.

Vijana wakageukia kibanda cha jirani yangu, mama wa viazi, aliyekuja kutoka nyanda za juu miaka kumi na moja iliyopita. Alikuwa akifunika magunia kwa turubai. Kijana mmoja alishaokota kiazi, anakirusha na kukidaka.

"Mama, leo ni bure, si ndiyo?"

Nyatiti ikaanza tena. Hapo nikakumbuka pakruok. Kwetu, ukimtuza mwimbaji, wimbo husimama. Unajisifu, au unamsifu umpendaye, na wote husikiliza. Hata chifu husubiri. Nikapanda lori.

"Mzee, simamisha."

"Mia tano."

"Mia mbili."

"Mama, hii ni siasa."

"Na hivyo viatu miguuni mwako? Nilikupunguzia."

Nyuzi zikanyamaza.

"Mimi ni rafiki wa mama wa viazi!" nikapaza sauti. "Aliyepika siku tatu kwenye matanga ya mume wangu! Nani hapa hakula?"

Kisha mzee mwingine chini akasema, "Mimi nilirudia sahani." Watu wakacheka. Kijana akarudisha kiazi, polepole, kana kwamba alikuwa akikipima tu.

"Huyo ni mama yetu sote!" mgombea akadakia. Wakamshangilia kwa sauti ileile ya mwanzo.

Lori lilipoondoka, jirani yangu hakugusa turubai.

"Na mgombea akirudi bila nyatiti?"

Nilivuta meza yangu mpaka ikagusana na yake. Akaitazama, kisha akafunua gunia moja kati ya matano.

Wateja bado hulalamika kwamba viatu vyangu vina udongo wa viazi. Siwapunguzii.