Macho Mekundu ya Mwaloni

Sangara akishatolewa minofu ya kupelekwa Ulaya, kichwa na mifupa huletwa kwetu kwenye soko la samaki la Mwaloni, Kirumba, kando ya ziwa. Ndiyo mapanki. Tunayakaanga na kuwauzia wasioweza kununua samaki mwenye nyama. Hiyo ndiyo neema ya soko huria tuliyohubiriwa. Mimi Evelina nimeila mpaka imenikinaisha.

Bibi alitukuta pale, akaomba kibarua cha kuchochea moto. Alikuwa amekimbia kutoka kijijini kwao, upande wa Kisesa. Ng'ombe wa jirani walikufa, watu wakamtazama macho, mekundu kwa moshi wa kinyesi cha ng'ombe alichokuwa akipikia, wakasema mchawi ndiye huyu. Dada yake walishamkata mapanga kwa sababu hiyohiyo. Jina hatukumuuliza. Tulimwita Bibi, akaridhika.

Kisha akaja Antoni kutoka Dar es Salaam, anatengeneza filamu fupi kuhusu watu wa kawaida wasiotajwa popote. Bibi alikataa katakata.

"Bibi yangu, naapa, sura yako haitaonekana."

Akamfunika kanga, yakabaki macho. Ahadi aliitimiza, mjinga yule mwenye adabu. Gari la sinema linalozunguka vijijini lilipoipeleka filamu Kisesa, macho yale yalijaa shuka zima la kuonyeshea, na nyuma yake Mwaloni yetu. Odeta, muuza dagaa, alikuwepo. Alikuja mbio kutueleza jinsi watu walivyonong'ona kwamba ndiye yule mchawi. Tukajifariji kwamba watasahau.

Hawakusahau. Walikuja vijana wawili, wamevaa makoti marefu kwenye jua kali.

"Shikamooni, mama zetu. Tunamtafuta shangazi yetu, Dorotea."

"Marahaba. Hatumjui," nikajibu, na ilikuwa kweli.

"Ana macho mekundu."

Hasira ikanipanda. "Haya, chagueni!"

Tukainua nyuso sote, kila mmoja macho kama pilipili kwa moshi. Wakatukagua. Wakamtazama Bibi usoni, wakampita. Hapo nikang'amua kwamba wametumwa: ni ndugu gani asiyemjua shangazi yake?

Wakaenda kukaa kwenye kibanda cha chai, wakingoja. Bibi aliniachia mwiko mkononi, akapita nyuma ya mapipa kuelekea kwenye mitumbwi. Hakuwa na mzigo wala viatu, wala ndugu hata mmoja ng'ambo ya ziwa. Roho iliniuma. Nilitaka kumwita arudi nimpe hata kanga yangu. Dorotea. Jina lake ndiyo kwanza nalijua, na wale wawili wangelisikia.