Pini ya Mashine ya Kusaga

Mama Cheche alipewa jina hilo na mtaa, na wala hakusingiziwa. Alikata vyuma kwa grenda mpaka cheche zikaruka barabarani, na ukimwambia "taratibu, mama," unapewa lako. Kisha kiharusi kikampiga. Hujafa hujaumbika. Banda lake la kazi likafungwa, mkono wa kulia ukawa unashika kikombe kwa taabu, na bintiye, fundi cherehani, akaanza kuvitafutia vifaa vyake mnunuzi.

Asubuhi moja akaja mwenye mashine ya kusaga, unga hadi kwenye nyusi. Pini ya chini imepinda, haitoki, na watu wanarudi makwao na nafaka zao. Msumeno wa mkono unateleza tu, chuma chenyewe kigumu ajabu. Grenda? Thubutu! Unga umejaa kila ufa, cheche moja tu na jengo linalipuka.

"Nitakuja na msumeno wa umeme," akasema Mama Cheche.

"Mama! Kwa mkono upi?" binti akang'aka.

"Huu huu. Kazi ikinishinda, uza kila kitu. Sitakuzuia."

Kule mashineni wakafagia unga, wakafungua milango. Mtaka cha mvunguni sharti ainame: akapiga magoti chini ya mashine. Bledi ya msumeno ya kukatia chuma kigumu alikuwa nayo moja tu. Mkono wa kushoto ukaukandamiza msumeno kwenye pini, wa kulia ukabana kitufe. Zamani angekibana mpaka mwisho. Sasa kidole kilifika nusu, kikagoma. Msumeno ukawa unakwenda na kurudi kivivu, kama kibogoyo anayetafuna nyama. Aibu iliyomshika! Machozi yakamlenga.

Mara akaona vumbi la chuma linadondoka. Linadondoka kweli! Bledi ngapi aliziunguza meno enzi za nguvu zake kwa kukimbiza msumeno kwenye chuma cha namna hii, halafu akawatukana wauzaji? Kumbe kilitaka mwendo wa polepole na mkandamizo, basi.

"Mwanangu, tia mafuta," akasema huku akicheka peke yake. Binti akadondosha mafuta.

Pini ikakatika, ikaanguka sakafuni. Wateja waliokuwa mlangoni wakapiga vigelegele. Mama Cheche akashindwa kuinuka, magoti yamekufa ganzi. Binti akamwinua, akampangusa unga usoni.

"Ufunguo wa banda uko wapi?"

"Wa nini? Mnunuzi kaja?"

"Aje kufanya nini? Kesho nataka nikafagie mapema, kabla hujaanza kazi."