Mama Pasi na Sahihi Aliyokataa Kutia

Hospitali nzima ilimwita Mama Pasi, kwa kuwa ndiye aliyenyoosha mashuka ya wodi zote katika chumba cha dobi, nyuma ya jiko. Aliyefua alikuwa wifi yake, dada wa mumewe, waliyempa jina la Redio: hazimiki hata umeme ukikatika.

Waliingia pamoja kama vibarua, wakasota miaka na miaka kabla ya kuthibitishwa kazini. Walipokaribia kustaafu, ofisi ikasema miaka ya ukibarua haihesabiwi kwenye pensheni. Redio akawaka moto. Akawakusanya wenzake waende kwenye baraza la malalamiko ya watumishi wa umma.

"Wifi, tia sahihi," alimwambia Mama Pasi.

"Niache bwana, nitaunguza shuka."

"Shuka la serikali unalionea huruma, jasho lako je?"

Hakutia. Matroni alikuwa amemwahidi kwamba binti yake angepata kazi pale mapokezi, naye aliona kuishtaki hospitali ni kumwaga unga wa mtoto. Redio akashuka bei: basi aje tu atoe ushahidi kwamba walifanya kazi mfululizo.

"Siku hiyo nina zamu," Mama Pasi alijibu.

Zamu hiyo hakupangiwa. Alikwenda mwenyewe kuiomba.

Hata hivyo baraza liliwapa haki. Liliamuru miaka ya ukibarua ihesabiwe, kwa walalamikaji na kwa "wengine wote walioajiriwa vivyo hivyo". Mumewe alicheka aliposikia.

"Mke wangu una nyota! Hukupika, na sahani umewekewa."

Mama Pasi naye alicheka, ila macho yake yalikuwa chini.

Hospitali haikukubali. Ilikwenda Mahakama Kuu kuomba amri ile ipitiwe na kufutwa. Kesi ikatambaa kama konokono. Redio, sasa mstaafu mwenye magoti mabovu, hakukosa tarehe hata moja. Ngazi za mahakama alizipanda ubavu ubavu, akishika ukuta. Mama Pasi hakuwahi kumsindikiza. Angemtazamaje usoni?

Siku ya hukumu alijikaza, akaenda kuketi benchi la nyuma. Jaji, mama mwenye sauti ya chini, alisema hakukaa kusikiliza malalamiko upya, bali kutazama kama baraza lilivuka mipaka ya sheria. Kuhusu walalamikaji, halikuvuka. Amri yao inabaki. Lakini maneno "wengine wote" aliyaondoa. Baraza haliwezi kumpa mtu nafuu ambayo hakufika kuiomba.

Vigelegele vikapigwa, karani akawanyamazisha. Redio hakupiga. Alikuwa amegeuka, anamtafuta mtu kwa macho.

Walikutana kwenye korido.

"Wifi, ile ya mwisho umeisikia?"

"Nimeisikia."

"Mimi ndiye niliyemng'ang'ania wakili wetu kule barazani aombe 'wengine wote'. Nilikuwa nakufikiria wewe."

Mama Pasi alitaka kuomba radhi. Lililomtoka lilikuwa, "Magoti yanaendeleaje?"

"Yananimaliza. Hebu nipe mkono tushuke."

Baadaye Mama Pasi alipeleka malalamiko yake mwenyewe. Karani wa baraza aliyasoma, akavua miwani. "Muda wa kulalamika umeshapita, mama yangu. Ungekuja na wenzako." Na ile kazi ya mapokezi, matroni alihamishwa bila kumkumbuka binti.

"Ndiyo maana wakasema majuto..." mumewe alianza jioni hiyo.

"Usimalizie," alimkatiza.

Siku hizi huenda kumfulia Redio, ambaye hawezi tena kuinama. Redio hukaa kizingitini na kuongea mfululizo: jirani aliyeoa tena, bomba lililopasuka, kuku anayetagia kitandani. Habari ya kesi haigusi kabisa. Mama Pasi husuuza nguo akiisubiri lawama, maana angelaumiwa angepata pa kuanzia kuomba radhi. Wifi yake humwambia tu, "Kamua vizuri, hiyo shingo ya gauni bado ina povu."