Shangazi Aliyeposwa Kila Jumamosi

Juzi nilipita mtaani Bukoto, pale palipokuwa na nyumba yetu na sasa pana fleti, nikasikia zeze dirishani. Mwenzangu, nilisimama kusikiliza. Haki ya Mungu, nilinusa mchuzi wa karanga wa bibi ingawa hapakuwa na moto wowote.

Baba alikuwa na bendi ya muziki wa asili. Yeye alipiga zeze, polisi mstaafu wa kaskazini alipiga adungu, kile kinubi cha kwao, na Mkongo mmoja muuza vitenge alipiga gitaa. Enzi ile ya wanajeshi, kukusanya watu bila kibali kulikuwa hatari, na kibali walipewa waliokubali kuimba sifa za wakubwa. Baba alikataa katakata. Lakini nani aombe kibali cha posa? Basi kila Jumamosi mchana shangazi, dada mdogo wa baba, alivaa gomesi, lile gauni refu la sherehe, Mkongo akajifanya mchumba, wageni wakaja "kushuhudia", na bendi ikapiga uani kwetu. Sisi watoto tulimenya matoke tangu asubuhi mpaka vidole vikawa vyeusi.

Jirani yetu hakupenda, kwa hofu. "Mchuma janga hula na wa kwao," alimwambia bibi. Bibi naye alikuwa na lake: nani atamwoa kweli binti anayeposwa kila wiki?

Jumamosi moja akaingia mwanajeshi na bunduki yake. Muziki ukakatika. Akamtazama shangazi, akamtazama tena.

"Huyu mutoto mimi naona yeye juma ile ingine. Naposwa mara ngapi?"

Bibi ndiye aliyejibu: "Afande, wanaleta mahari kidogo. Tunawarudisha kila mara."

"Basi leo mimi nataka kuona munapokea."

Lo! Kwetu sisi, kilichopokewa mbele ya watu kimepokewa, hakuna cha mchezo. Bibi alimgeukia shangazi. "Nipokee?" Akisema hapana, wanaume wetu wangechukuliwa wote. Shangazi alimtazama Mkongo, aliyekuwa akitiririka jasho, akacheka kidogo.

"Pokea, mama. Nimechoka kungoja."

Kumbe! Vigelegele vilipigwa. Afande akala sahani mbili za matoke, akaenda zake.

Furaha ilipopoa, baba akashika kichwa. Mchumba amepata mke kweli, bendi itapigia wapi tena? Siku tatu hakugusa zeze. Siku ya nne akaja yule jirani, bado amenuna.

"Binti yangu anaposwa Jumamosi," akasema. "Leteni ngoma zenu."

Baada yake akaja mke wa fundi viatu, kisha wengine. Mpaka utawala ule ulipoanguka, nyumba kwa nyumba tuliazimwa mabinti, na bendi haikumsifu mtu.

Siku hizi bendi yoyote hupiga popote, na nafurahi. Nyua zile ndizo zimekwisha, na baba na jirani tumewazika. Lakini aliyeogopa kuliko wote ndiye aliyekuwa wa kwanza kutufungulia mlango, na kwa sababu yake mpaka leo sijakata tamaa na watu.