Bibi wa Kisima na Mtani Wangu

Kaka yangu alikuwa na huruma ya kijinga, na ndiyo iliyomponza hata kwenye gemu. Tulikuwa tukicheza kwa simu, sebuleni kwetu Isevya, gemu moja ya mtandaoni ya wachawi na mapanga. Kwenye bonde la mwisho yupo bosi, yaani adui mkuu, aitwaye Bibi wa Kisima. Zamani wanawe walichukuliwa na msafara kwenda kubeba mizigo. Kila msafara uliorudi aliuuliza, akajibiwa, "Wako nyuma, wanakuja." Alipochoka kudanganywa akaanza kuwageuza wapita njia kuwa mawe, ili angalau wao wasiondoke. Kaka alisema aliyetunga kisa hicho lazima alipita hapa kwetu Tabora, mji wa misafara ya zamani.

Ukimpiga bibi mpaka akabakiza pumzi moja, anapiga magoti na kukuuliza kama wanawe wako nyuma yako. Ukimjibu wamekufa, anavunjika. Kaka akamjibu wanakuja. Bibi akainuka mzima, akamgeuza jiwe. Nilimtukana kaka sana siku hiyo, naye akacheka tu.

Haukupita muda, malaria ikampanda kichwani, akafa. Mhusika wake akabaki kando ya kisima, jiwe lenye kofia ya manyoya. Nikawa naingia kumtazama. Gemu inatoa njia moja: ukimuua bibi unapata tone la maji, na jiwe moja utakalolimwagia linafufuka. Mawe mengine yote yanasagika papo hapo.

Bosi huyo hapigwi na mtu mmoja. Nikamwita binamu yetu, mtoto wa shangazi, kutoka Ziba. Binamu kwetu ni mtani, na mtani hakasirikiwi. Msibani alivaa viatu vya marehemu, akatembea mbele ya jeneza akiigiza kikohozi chake, mpaka mama akacheka na kamasi puani. Viatu akaondoka navyo.

Tulianza Jumapili baada ya misa. Binamu naye hucheza gemu hiyo, na punda wake wa mizigo aliwahi kugeuzwa jiwe pale kisimani, kwa hiyo nilimwambia mapema kwamba tone ni la kaka. Akaitikia.

Yeye alimzuia bibi kwa ngao, mimi nikamchoma kwa moto. Mwishowe akapiga magoti, akauliza habari za wanawe. Nikabonyeza: wamekufa. Alilia mpaka spika ya simu ikakwaruza, kisha akavunjika. Sikumwonea huruma hata chembe.

Tone likaanguka miguuni pa binamu. Akaliokota, akammwagia punda wake.

"Mtani, maiti haina kiu," akasema. "Punda ana safari."

Kaka akasagika, kofia ikawa ya mwisho kusagika. Nilimrukia binamu nikamkaba koo. Mama akaja mbio kutoka jikoni, akatutenganisha, akasikiliza kisa chote. Kisha akaniona mimi ndiye mwenye aibu.

"Unamkaba mtani? Hiyo ndiyo kazi yake," alisema. "Hebu cheka, mwanangu."

Nikacheka, meno yote nje, huku nikitamani kumtoa macho. Binamu akala ugali wetu akashiba, akarudi kwao.

Utani hauna kesi, najua, wala hakuna mzee wa ukoo atakayenisikiliza. Ila utani una pande mbili. Kila Jumapili namwombea binamu yangu kifo cha mapema. Siku hiyo mtani wa kwenda Ziba nitakuwa mimi, na shangazi atalazimika kucheka.