Kumpitisha Mbwa Nyuma ya Msikiti

Mtu wa umri wangu kufundishwa kutembea na mbwa ni aibu, lakini nitaisema mwenyewe, maana waliokuwepo wakiisema wao wataongeza chumvi.

Mafuriko yalikuwa yamekula njia za mashamba pale kwetu Ngao, ikabaki moja tu, juu ya tuta, nayo inapita nyuma ya msikiti. Mimi nilikuwa na mtoto wa mbwa wa kunilindia mahindi. Nyani wa kwetu hawamwogopi mzee mwenye meno manne, ila mbwa akibweka wanakimbia.

Taabu ni kwamba mbwa mwenyewe alipenda watu. Kila aliyetoka kutawadha alikimbiliwa akalambwa miguu. Jirani yangu, mfugaji wa Kiorma, akatumwa kwangu.

"Mzee mwenzangu, mate yake yakinigusa naosha mara saba, moja kwa mchanga. Wiki nzima naosha. Kanzu imebaki nyuzi. Wazee wamesema Ijumaa apite amefungwa, au umvushe ng'ambo ya mto asirudi."

Zilibaki siku nne. Nikampigia simu binti yangu aliyeko Malindi.

"Baba, mfunge kamba, kila akipiga hatua mpe kipande cha nyama."

Nyama! Mimi nimepiga hatua miaka yote hii na hakuna aliyenipa. Lakini yeye amesoma. Mimi niliachia darasa la pili, mwalimu alikuwa na mkono mzito, hayo tuyaache.

Kamba ninayoijua mimi ni ya kuvuta mtumbwi ukipanda mto: unaitia begani, unainama, unakwenda bila kutazama nyuma. Nikafanya hivyo hivyo. Nilipogeuka, mbwa amekaa kitako, na nyuma yake mchanga umechorwa mfereji kutoka mlangoni kwangu. Jirani alisimama mbali, nguo kaishika juu kama anayevuka maji, anacheka mpaka anakohoa.

"Kwani huo ni mtumbwi? Hata ndama ukimvuta shingo anakaza miguu. Legeza. Simama. Mngoje aje mwenyewe."

"Njoo unionyeshe basi."

"Nimguse mimi? Nitakuonyesha nikiwa hapa hapa."

Basi nikasomeshwa siku tatu na mwalimu asiyeweza kumgusa mwanafunzi, ananyoosha fimbo tu: legeza, simama, mzee mbona shingo ngumu ni yako? Mbwa alielewa siku ya kwanza. Mimi siku ya tatu.

Ijumaa tukapita. Wanaume walikuwa wamejaa pale nyuma kwenye mapipa ya maji, miguu imelowa, kanzu zimekunjwa mpaka magotini. Katikati yao mbwa akasimama. Akamtazama mmoja, akatikisa mkia. Bega langu likataka kuvuta. Nikalegeza. Msikiti mzima ukangoja mbwa aamue.

Akapiga chafya, akanifuata.

Jirani akashindwa kujizuia. "Mmeona? Mbwa wangu huyo!"

Wote wakamgeukia.

"Wa jirani," akasema. "Nimesema wa jirani."

Mzee mmoja akamuuliza kama leo ataosha mdomo mara saba. Hapo hata imamu akacheka, akanipungia mkono niende zangu shambani na mbwa wangu, adhana inakaribia. Nikaenda, kamba imelegea, na nyani wakatusikia kabla hatujafika.